Gawaneni kazi na funguo zake kabla msimu wa korosho haujaingia: mwongozo wa timu ya huduma kanisani

Bwana Yesu asifiwe wapendwa. Mi ni mzee wa kanisa hapa Mtwara, mwaka wa 12 sasa, kanisa letu sio kubwa, na haya nayaandika kwa ajili ya wachungaji, makatekista, wainjilisti na wazee wenzangu wa huku Kusini, kuanzia Mikindani mpaka Liwale, maana makanisa yetu mengi yanafanana kwenye hili jambo, mtu mmoja amebeba kila kitu halafu sisi wengine tunasema "mchungaji wetu anajituma kweli".

Nianze na kilichotupata. Mwaka mmoja mwezi wa kumi mchungaji aliugua ghafla usiku, asubuhi akapandishwa basi la Dar, na kule akakaa wiki tano. Jumapili ya kwanza tunafika tunakuta stoo imefungwa, viti vya plastiki vimo ndani, jenereta imo ndani, vyombo vya meza ya Bwana vimo ndani, na ufunguo uko kwenye mfuko wa koti alilosafiri nalo. Tukakaa kwenye mikeka. Nusu ya wazee walikuwa Tandahimba na Newala kwenye mikorosho yao kwahiyo hata wa kushauriana nae hakuna. Jumapili ya pili tukaita fundi akavunja kitasa. Sawa, hayo yalipita. Kilichoniuma mpaka leo ni mama mmoja mjane ambaye mchungaji alikuwa anamlipia kodi ya chumba kila mwezi kwa hela ya kanisa, anampa mkononi, kimya kimya ili asimwaibishe, na hakuna mtu mwingine alijua, hata mi sikujua. Mwezi ule haukulipwa. Tulikuja kusikia wakati vyombo vyake vishatolewa nje.

Mchungaji wetu hakuwa mtu wa kung'ang'ania madaraka jamani, ni mtu mwema sana. Sisi ndo tulimwachia. Waswahili wanasema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, na sisi tuliuona mzigo wake mwepesi kweli. Alivyorudi tukakaa chini tukaanza upya, na hizi hatua ndo tulizopitia, zingine tulikosea kwanza ndo tukajua.

Kabla ya hatua, niseme neno kwa wale watakaosema manahodha wengi chombo huenda mrama, au mafahali wawili hawakai zizi moja. Nimeyasikia hayo kwenye kila kikao. Nendeni pale Mikindani ufukweni mkaangalie chombo kinavyoendeshwa. Nahodha ni mmoja ndio, lakini yupo anayeshika tanga, yupo anayekumba maji, yupo anayejua nyavu, na nahodha akianza kukumba maji mwenyewe huku kaachia usukani ndo mtazama wote. Kanisa la Antiokia kwenye Matendo 13 lilikuwa na manabii na waalimu watano wametajwa kwa majina, Barnaba, Simeoni Nigeri, Lukio, Manaeni na Sauli, na wakati Roho anawatenga Barnaba na Sauli waondoke kanisa lilibaki limesimama kwa sababu watatu walikuwepo.

Na hapa kwetu tunayo mifano yetu. Masasi kazi ya Waanglikana ilianza 1876 Askofu Edward Steere alipofika na watu waliokombolewa utumwani kutoka Zanzibar. Vita ya kwanza ya dunia ilipoingia Wajerumani waliwakamata wamisionari wa Kiingereza, na baadae Waingereza walivyochukua nchi nao wakawaondoa Wabenediktini, watawa wa Kikatoliki wa Kijerumani waliokuwa Ndanda tangu 1906. Yaani pande zote mbili wazungu waliondoka. Walioshika makanisa ni mapadri wenyeji, walimu na makatekista wa vijijini, na waliweza kwa sababu walishapewa kazi zamani, Cecil Majaliwa kwa mfano alipadrishwa mwaka 1890 na alitumika Chitangali kama padri, miaka mingi kabla ya vita. Watu wale wangekuwa wanafundishwa kutii tu bila kupewa chochote mkononi sijui tungekuwa na nini leo.

Haya twende kwenye hatua.

HATUA YA 1: Andikeni kazi zote kwenye daftari

Nunueni kaunta buku moja. Kwa muda wa wiki nne andikeni kila kazi inayofanyika kanisani, kila kazi, hata ndogo, na pembeni jina la anayeifanya. Kufungua mlango Jumapili. Kuchota maji ya ubatizo. Kununua mafuta ya jenereta. Kutembelea wagonjwa hospitali. Kuwapigia simu waliokosa ibada mara mbili. Kuandaa somo la watoto. Kuongea na mwenyekiti wa mtaa. Kuhesabu sadaka. Kumpelekea mjane kodi yake. Wiki moja haitoshi kwa sababu kuna kazi za mwisho wa mwezi, na kuna zile za mwaka mara moja kama kupeleka ripoti za kanisa kwa msajili, hizo mkae mkumbushane.

Sisi lilijaa kurasa mbili na kidogo, na jina la mchungaji na mkewe likawa karibu kila mstari. Tulikaa kimya tulivyolisoma.

Na hapo kwa mama mchungaji msipite haraka. Kwenye makanisa mengi huku yeye anapika chakula cha wageni, anafundisha watoto, anashauri wanandoa, analaza watu sebuleni, na hajawahi kuulizwa kama anaitaka hata moja kati ya hizo kazi. Muulizeni. Wetu alisema anapenda kufundisha watoto tu, zingine alikuwa anazifanya kwa sababu hakuna mwingine.

HATUA YA 2: Chagueni zipi zinabaki kwa mchungaji

Hii ni fupi. Chukueni ile orodha, mchungaji aseme zipi hawezi kumpa mtu mwingine kwa sababu ya wito wake au kwa taratibu za dhehebu lenu, maana kila kanisa lina yake, Meza ya Bwana, ubatizo, ndoa, mahubiri makuu. Someni na katiba yenu, makanisa mengi yana katiba iliyosajiliwa lakini wazee wengi hawajawahi kuiona kwa macho, na mnaweza kukuta imeshaandikwa nani anafanya nini. Zinazobaki zote, na ni nyingi, zinatafutiwa watu.

HATUA YA 3: Tafuteni watu, na msianze na wenye hela

Someni Matendo 6 taratibu. Kulikuwa na manung'uniko, wajane wa Wayahudi wa Kiyunani wanasahaulika kwenye mgao wa kila siku. Mitume hawakugawa chakula wenyewe na hawakunyamazisha watu. Kwanza walitaja sifa, walioshuhudiwa kuwa wema, wamejaa Roho na hekima. Halafu wakaambia mkutano wachague. Sasa angalieni majina saba yaliyochaguliwa, Stefano, Filipo, Prokoro, Nikanori, Timoni, Parmena na Nikolao. Yote ni majina ya Kiyunani. Yaani upande uliokuwa unalalamika kusahauliwa ndo ulipewa ugawaji. Mi hiyo ilinigusa sana, kwa sababu sisi mtu akilalamika tunamwita msumbufu, tunamuombea abadilike. Kijana analalamika spika zinakoroma kila Jumapili? Huyo ndo fundi mitambo wenu. Mama anasema wagonjwa hawatembelewi? Mpe timu ya wagonjwa.

Sifa zenu ziandikeni kabla hamjataja jina la mtu yeyote, la sivyo mtaanza na jina halafu mtafute sifa za kumfaa.

Mambo mengine ya kuangalia kwenye kuchagua:

Angalia mtu anafanya nini bila kutumwa. Yupo dada kanisani kwetu kila ibada ikiisha anakaa na watoto wanaosubiri wazazi, hakuna aliyemwambia. Leo anaongoza shule ya Jumapili na watoto wameongezeka.

Usiangalie shule pekee. Mama anayeuza samaki sokoni anajua nani anadaiwa nini tangu mwezi uliopita bila kuandika popote, na akiwekwa na kijana anayejua kuandika vizuri hiyo ni ofisi ya hazina kamili.

Usiwasahau wageni wa kabila lingine. Huku kuna Wamakonde, Wamakua, Wayao, Wamwera, na pia watu wa mikoa mingine waliokuja kwa kazi ya bandari, ualimu, kiwanda. Timu ikijaa ukoo mmoja watu wanaona hata kama hawasemi.

Halafu namna ya kumuomba mtu. Usimtangaze madhabahuni! Tulifanya hivyo mwanzo, tukasoma majina Jumapili mbele za watu, mtu anashtukia yeye ni katibu wa uinjilisti, anasimama anatabasamu kwa aibu, na baada ya mwezi haonekani. Mfuate nyumbani jioni, wazee wawili, mpigeni hodi, mkae mueleze kazi yenyewe ni nini, itachukua muda gani kwa wiki, kwa muda gani, na mseme ukikataa sio dhambi. Kama ana mume au mke muongee mbele yake, hata kama huyo mwenzie ni Muislamu au hasali kwetu, na huku Kusini nyumba za hivyo ni nyingi, kwa sababu ndo nyumba itakayomruhusu atoke Jumamosi jioni kwenda mazoezi. Mume mmoja alituambia "mngekuja kunieleza mapema nisingemkataza". Mpeni wiki aombe afikirie. Akikubali ndo mnamuombea mbele ya kanisa kwa kumwekea mikono.

HATUA YA 4: Mkimpa mtu kazi mpeni na ufunguo wake

Hapa ndo penye moyo wa jambo lenyewe na ndo tunapokosea sana, naomba msome mara mbili.

Kugawa kazi sio kutuma watu. Ukimwambia kijana "wewe ni kiongozi wa mitambo" halafu kila akitaka kununua waya lazima akupigie simu, ufunguo wa stoo unao wewe, nani apige kinanda unaamua wewe, na akipanga kitu unakipangua Jumapili asubuhi mbele ya wenzie, hujamgawia kazi, umejiongezea mtu wa kumtuma. Atachoka, na akichoka utasema vijana wa siku hizi hawana moyo wa huduma.

Kila kazi ina ufunguo. Mwingine ni wa chuma kabisa, wa stoo. Mwingine ni hela kidogo ya kufanyia kazi bila kuomba. Mwingine ni taarifa, namba za simu za washirika, daftari la majina. Na mwingine ni neno la kusema "ndiyo" au "hapana" na likasimama. Kwahiyo mkikaa na mtu mwandikieni karatasi moja yenye sehemu tatu. Ya kwanza, mambo unayoamua mwenyewe bila kumuuliza mtu. Ya pili, mambo unayoamua lakini unatupa taarifa. Ya tatu, mambo ambayo lazima yaje kwenye baraza la wazee kwanza. Mfano wa mitambo kwetu: ratiba ya wapigaji anaamua mwenyewe, matengenezo yasiyozidi 30,000 anafanya halafu analeta risiti, kununua spika mpya au kuazimisha vyombo nje ya kanisa kunakuja kwenye baraza. Tulivyofanya hivyo simu za mchungaji za Jumamosi zilipungua mpaka akauliza kama ibada ipo kesho.

Mungu alimwambia Musa akusanye wazee 70, Hesabu 11, na akatwaa sehemu ya Roho aliyekuwa juu ya Musa akaiweka juu yao. Hawakupewa orodha ya kazi tu, walipewa kile kile Musa alichokuwa anatumia kufanyia kazi. Na mnakumbuka Eldadi na Medadi walianza kutabiri kambini wakati hawakuwepo hemani, kijana mmoja akakimbia kumwambia Musa, na Yoshua akasema bwana wangu wakataze. Musa akamuuliza unaona wivu kwa ajili yangu? Kila kanisa lina Yoshua wa namna hii, anampenda mchungaji sana kiasi kwamba mtu mwingine akihubiri vizuri yeye anaumia. Mchungaji ndo mwenye kumtuliza huyo, mzee wa kanisa hawezi, akijaribu inakuwa ugomvi. Inatakiwa mchungaji aseme waziwazi mbele za watu, "hili mkamuulize dada fulani, mimi sio mwamuzi wake". Aseme mara nyingi, watu watamfuata tu pembeni, na kila akijibu mwenyewe amerudisha ufunguo mfukoni.

HATUA YA 5: Wawili wawili, na kalenda ya shamba iwe mezani

Yesu aliwatuma wawili wawili, Luka 10, na kwa huku kwetu mi naona hata kama isingeandikwa tungelazimika. Kila kazi iwe na watu wawili, kiongozi na mwenzie, na wote wawili wajue kila kitu, wote wana ufunguo.

Sasa hapa msiweke watu hovyo. Wekeni kalenda ya shamba mezani kwanza. Mwezi wa sita mpaka wa nane watu wako kwenye kupulizia salfa mikorosho. Mwezi wa tisa kuelekea wa kumi na mbili ni kuokota, kubangua ya kula nyumbani, kupeleka ghalani, kusubiri mnada na kusubiri hela. Mvua zikianza Desemba ni kulima na kupanda. Kwa ndugu zetu wa Lindi, Ruangwa, Nachingwea, Kilwa, kuna ufuta wa mwezi wa tano na wa sita. Na likizo za shule za Juni na Desemba kuna familia zinapeleka watoto jando na unyago, kwahiyo darasa la watoto nalo linatikisika.

Basi msiweke wakulima wa korosho wawili kwenye kazi moja. Mwoanisheni mkulima na mwalimu, au muuguzi, au muuza duka, mtu ambaye msimu haumtoi mjini. Walimu nao wana likizo zao wanasafiri, na likizo ya Desemba mkulima ndo kashaanza kurudi kutoka kuokota, wanapishana vizuri. Sisi tuliichora kwenye karatasi ya manila, miezi 12 kwa juu, kazi pembeni, tukapaka rangi miezi ambayo mtu hayupo. Penye rangi mbili kwenye mstari mmoja tukabadilisha. Ilichukua jioni moja na chai.

Kwa makanisa ya vijijini ambako wote ni wakulima, msimu ukifika hamisheni ibada ya katikati ya wiki iende kwenye mashamba, jumuiya ndogo ndogo zinafaa sana kwa hili, Wakatoliki wamezoea hivyo na Walutheri na Waanglikana pia wana nyumba kwa nyumba. Watu kumi mpaka ishirini walio karibu kishamba wanasali pamoja wakiongozwa na mmoja wao. Ni ile ile ya Yethro, mkwe wa Musa, kwenye Kutoka 18, maakida wa maelfu, wa mamia, wa hamsini na wa kumi. Watu tunamsoma Yethro kama habari ya kumpumzisha Musa, lakini angalia alisema hata watu watachoka, maana walikuwa wanasimama foleni kutwa asubuhi mpaka jioni kusubiri mtu mmoja.

HATUA YA 6: Fedha

Hapa hakuna kuoneana aibu. Mtakatifu asiwekwe peke yake na hela, kwa ajili ya usalama wake. Paulo mwenyewe akipeleka mchango wa Yerusalemu alikwenda na ndugu waliochaguliwa na makanisa, 2 Wakorintho 8, ili mtu asije akamlaumu, akasema wanaangalia yaliyo mema mbele za Bwana na mbele ya wanadamu pia.

Igeni akina mama wa vikoba. Sanduku lao lina kufuli tatu, funguo tatu kwa watu watatu tofauti, na halifunguliwi mpaka wote wako mbele ya kikundi. Hawa ni mama zetu hao hao tunaokaa nao kanisani, wanajua kutunza hela ya watu, sijui kwanini tukija kwenye sadaka tunasahau.

Kwahiyo: sadaka ihesabiwe na watu watatu, ibada ikiisha, pale pale kanisani kabla mtu hajaenda nyumbani. Wasiwe wa nyumba moja. Waandike kwenye daftari, wasaini wote, Jumapili inayofuata itangazwe au ibandikwe ukutani. Akaunti ya benki iwe kwa jina la kanisa na watia saini watatu, angalau wawili wasaini ndo hela itoke, na mmoja wao awe mtu asiyesafiri kipindi cha msimu. Lipa namba au laini ya kupokelea sadaka kwenye simu isisajiliwe kwa kitambulisho cha mtu binafsi, hata mchungaji, maana akifariki au akihamishwa mtahangaika na familia yake ambayo haina kosa. Kama iko hivyo sasa, badilisheni wiki hii.

Na misaada ya siri kama ya yule mjane wetu? Siri inaweza kutunzwa na watu watatu. Mchungaji, mama mmoja wa huduma ya wanawake, na mweka hazina, wana daftari dogo lao, hawalisomi popote. Yule mama tulimtafutia chumba kingine na tangu siku hiyo hajaruka mwezi.

HATUA YA 7: Kikao

Mara moja kwa mwezi, siku ile ile, saa moja na nusu mwisho. Katibu aandike kilichoamuliwa, nani atafanya, lini. Mchungaji aseme wa mwisho kwenye kila ajenda, kwa sababu akianza yeye kusema basi wazee wote tunaitikia, ndo malezi yetu, mdogo hampingi mkubwa, na kijana mwenye wazo zuri atalimeza. Sisi tunaanza na mdogo kuliko wote kisha tunapanda juu, na tukiona mtu anasema "mi sina la kuongeza" tunamuuliza swali lake mwenyewe la kazi yake.

Group la WhatsApp sio kikao. Ni la matangazo. Washirika wengi hawana bando na wengine hawana simu janja kabisa, mkiamua mambo mle mmewatoa nje wazee wenu. Na msigombane mle.

HATUA YA 8: Mkikosana

Mtakosana. Kwaya na mitambo watakosana, wazee na vijana watakosana kuhusu muda wa ibada, na msimu wa hela za korosho ukifika mtakosana kuhusu harambee.

Utaratibu uwe umeandikwa kabla ugomvi haujatokea. Wa kwanza ni Mathayo 18, wewe na yeye peke yenu, sio kwa meseji, uende. Ikishindikana mtu mmoja au wawili. Ikishindikana baraza. Kinachoharibu huku kwetu ni kwamba tunaruka hatua ya kwanza kwa heshima, tunaona kumwambia mtu kosa lake usoni ni kumvunjia, kwahiyo tunamwambia mtu mwingine, na yeye anamwambia mwingine, mpaka linafika kwa mwenyewe likiwa limeota pembe. Ukiwa unamwendea mtu mzima kuliko wewe nenda na adabu yako yote, shikamoo yako, kaa chini, anza na habari za nyumbani, lakini ulisema lililokuleta kabla hujaondoka.

Na mkishindwana kabisa, mgawane maeneo bila kutukanana. Paulo na Barnaba walishindwana vikali juu ya Marko aliyewaacha Pamfilia, Matendo 15, wakatengana, Barnaba akaenda Kipro na Marko, Paulo akaenda Shamu na Kilikia na Sila. Miaka baadae Paulo akiwa kifungoni anamwandikia Timotheo amlete Marko maana anamfaa kwa utumishi. Mi namfikiria sana Barnaba hapo. Bila yeye kumshika yule kijana aliyeshindwa mara ya kwanza, Paulo angemuomba nani aje? Kwahiyo mtu akiharibu kwenye timu yenu, kama sio kosa la wizi au la kudhuru watoto, ambayo hayo yana njia yake na ya serikali pia, msimfute. Mwekeni na Barnaba wake.

HATUA YA 9: Zamu ziwe na mwisho

Kila mtu apewe kazi kwa miaka miwili au mitatu, halafu mkae nae, aendelee au apumzike. Bila hivyo mtu hawezi kuondoka bila kuonekana amerudi nyuma, na kanisa haliwezi kumtoa bila kumuumiza. Miezi sita ya mwisho yule mwenzie ndo aongoze na yeye awe pembeni.

HATUA YA 10: Mjaribu kabla ya msimu

Mwezi wa nane, kabla watu hawajaenda kuokota, mchungaji asafiri Jumapili mbili mfululizo. Apumzike kweli, aende kwa wazazi wake, simu aizime kuanzia Jumamosi jioni mpaka Jumatatu. Mambo yatakwama, kwetu yalikwama matatu: maji ya ubatizo yalisahaulika, hakuna aliyejua mafuta ya jenereta yananunuliwa kwa nani kwa mkopo, na kulitokea msiba wa mshirika ambaye ndugu zake wengi ni Waislamu na hatukujua nani wa kwenda kuongea na wazee wa familia kuhusu muda wa mazishi. Tuliyaandika yote kwenye lile kaunta buku, tukayapa watu.

Mchungaji akirudi asikimbilie kusahihisha. Jumapili ya kwanza akae benchi la nyuma kama mshirika, asikilize, yale yaliyofanyika tofauti na anavyofanya yeye lakini yamefanyika ayaache. Hii ni ngumu kwao, nimemwona wetu anavyokaza mikono kwenye benchi kinanda kikikosea, lakini alikaa.

Na zile funguo, mchongesheni fundi wa sokoni nakala za kila mlango, mbili mbili, mziandike kwa karatasi na gundi ni za wapi. Msisubiri kikao, nendeni Jumatatu.